Kanda za Toribio

Nélida, binti yangu, zima runinga. Wilder, mwanangu, sogeza kiti hapa, usikae mlangoni kama mgeni. Nisikilizeni wote wawili, kwani daktari ameniambia wazi, na pumzi iliyobaki sitaki kuimaliza kwa porojo.

Nyumba hii ni yenu sawasawa. Msiiuze kwa hasira. Hilo limekwisha. Kilichonikaa kooni ni Toribio.

Nyinyi mnamjua mzee wa fimbo anayekuja kila Jumapili na tamale zake za unga wa mahindi, lakini ile miaka kumi na moja niliyoandika na kutayarisha vichekesho pale kituo cha runinga, Lima nzima iliacha supu ipoe akitokea yeye, akiigiza bawabu wa jengo asiyejua ufunguo upi ni wa mlango upi. Kipindi kilipofungwa akaenda kulinda stoo, na binti yake Yovana alikuwa hajazaliwa. Alipozaliwa, Toribio akaniomba kitu kimoja tu: "Kaka, nitolee hata kanda moja, mtoto aone baba yake hakuwa mlinzi wa stoo tu." Nikamjibu, "Wiki ijayo, kaka." Nimemjibu hivyo miaka thelathini na minne.

Wanangu, kanda hazipo. Kanda mpya zilikuwa adimu, kituo kilitaka kurekodi mbio za farasi, ikaletwa karatasi ya kufuta vipindi vya zamani, na wa kutia saini alikuwa mtayarishaji. Nikatia huku nakunywa kahawa, nikasema tutaandika vingine vizuri zaidi. Hatukuandika. Haikubaki hata moja, nami kwa aibu nikaigeuza hiyo "wiki ijayo" kuwa utani, naye akacheka nami kila Jumapili.

Nilidhani nitamfidia kwa miswada. Imo kwenye sanduku juu ya kabati, yote. Mwezi uliopita nikaisoma. Maneno yangu yapo, na hayachekeshi, Nélida, hayachekeshi hata kidogo. Na kila palipotakiwa kicheko nimeandika mstari uleule: Toribio anaingia, anafanya yake. Nilimwachia, maana alijua kuliko mimi. Alifanya nini? Nimejikamua kichwa wiki nne, sikumbuki. Nakumbuka watu wakicheka tu.

Nipeni maji... Basi, yatosha.

Leo anakuja saa kumi, na Yovana. Msimwambie nimelala. Mimi nimejaribu kusema, siwezi. Mwambieni nyinyi, binti yake akisikia, kwamba baba yenu ndiye aliyezifuta, kwa mkono wake huu. Akinitukana, mwacheni. Asipokuja mazishini, msimwulize kitu.

Bwana wa Miujiza awatangulie, wewe Wilder, na wewe... na wewe binti yangu, awape watu wa kuwakumbuka.

Kengele hiyo. Nendeni. Msimpe kiti kwanza, mwambieni akiwa bado amesimama, maana akishakaa ataanza kuwachekesha, nanyi hamtaweza tena.