Historia ya Deogratias Mwandu, Mtoa Magunzi Kooni mwa Ng'ombe

Ndugu waombolezaji, mimi ni Georgina Mwandu, dada mkubwa wa marehemu, na historia hii nimeiandika kwa mkono wangu, kwa sababu ile ya vijana ilisema aliugua ghafla, na hakuugua ghafla.

Deogratias ng'wana Mwandu alizaliwa tarehe 14 Machi 1971 hapa Bukundi, wilaya ya Meatu, akasoma shule ya msingi hapa hapa kuanzia mwaka 1980 hadi 1986, akamaliza darasa la saba akijua hesabu vizuri na kusikiliza vibaya. Baada ya hapo alilima pamba na kufuga, na kazi iliyompa jina ni kuokoa ng'ombe waliokabwa, maana aliingiza mkono kooni mpaka kwenye kiwiko akatoa gunzi la mahindi, na watu walimfuata hata kutoka Mwanhuzi. Tarehe 6 Julai 1996 alifunga ndoa na Mektilda katika kigango chetu, wakajaliwa watoto wanne, wote wako hai na wote wako hapa.

Tarehe 12 Oktoba 2024, Sia, bibi mifugo wetu, alikuja kuchanja mbwa, naye marehemu akawapeleka mbwa wake machungani alfajiri, akisema mbwa akichanjwa anapoa, fisi atamzoea. Mwezi wa kumi na moja, mbwa mmoja kati yao akabadilika, akamng'ata maksai mwekundu mguuni, akakimbia asionekane tena. Tarehe 9 Januari 2025 maksai yule alianza kutokwa mate na kushindwa kumeza, na marehemu, kwa mazoea yake, akaona ni gunzi, mdogo wetu Onesmo akashika taya, mkono ukaingia, gunzi halikuwepo, magego yakamkwangua, akajifuta kwa majani ya pamba.

Siku ya tatu maksai akafa. Sia akakataza nyama isiliwe, tukafukia, akawaambia wote wawili waoshe mikono kwa sabuni na wawahi sindano siku ile ile, marehemu akamjibu, "Binti yangu, mkono huu umeingia koo mia, ulizaliwa lini wewe?" Watu wakacheka, na mimi nilicheka. Onesmo naye akabaki nyumbani, kwa kuwa kaka yake kabaki.

Mkono ulianza kuwasha, na tarehe 19 Februari akashindwa maji, kikombe kikimkaribia koo linajikaza, tukamkimbiza hospitali, tukaambiwa ni kichaa cha mbwa na kwamba dawa yake ilikuwa ile sindano ya mwanzo. Alifariki Jumapili tarehe 23. Wanaonong'ona kwamba amerogwa waje kwangu wanitajie mchawi mwenye magego ya maksai.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia bila kumwogopa, majirani kwa kuni na maji, wakulima wenzake wa pamba waliochimba kaburi, na Sia, ambaye alitukanwa na bado amekuja kuzika. Jumamosi atachanja mbwa wote papa hapa uwanjani, na atakayewaficha machungani nitamfuata huko huko, magoti yangu bado yananibeba.

Limebaki la Onesmo. Alichomwa sindano ya kwanza tarehe 20, ya pili tarehe 23, ya tatu ni kesho Alhamisi, hospitalini Mwanhuzi, na nyingine zimeandikwa kwenye kadi yake. Wazee wa ukoo wamekaa jana wakasema mfiwa haondoki kabla matanga hayajaanuliwa, atakwenda wiki ijayo. Wazee wangu, shikamooni, nawaheshimu, ila kaburi la pili sitakaa kulipikia. Kesho asubuhi pikipiki inakuja, Onesmo anakaa katikati, mimi nakaa nyuma yake nimemshika, na anayetaka kutulaani atulaani tukirudi.

Pumzika kwa amani, Deogratias, mdogo wako nampeleka mwenyewe.