Jina Nililoitika

Asalaam aleikum, na wenzetu wa kanisani hamjambo. Keti dada, haya si maneno ya kusikilizwa umesimama.

Mama yangu alifariki siku aliyonizaa. Nililelewa na shangazi hapa hapa mtaani Shika Adabu, na nyumbani nilijulikana kama nuksi. Si kwa utani. Mtu akitoka asubuhi kutafuta kazi, au wazee wakienda kuposa, nilisukumwa jikoni mlango ukarudishwa, wasije wakakutana na uso wangu kwanza safari ikaharibika. Shangazi akiuliza, "Ashaingia huyo?" mimi mwenyewe nilijibu, "Nishaingia, shangazi." Nilipofika miaka saba hakuna aliyenisukuma tena. Nilikuwa najipeleka.

Ndugu zangu, nawaambia, mtu humalizwa hapo, anapojifungia mwenyewe.

Niliolewa, nikaachwa, nikasema mume ana haki. Binti yangu alipokuja kuposwa, nilimwomba jirani akae mahali pangu kama mama, mimi nikabaki jikoni na masufuria. Akaolewa Mtongwe. Alipojifungua aliniita nikamlee siku arobaini, kama kila mama afanyavyo kwa bintiye. Sikwenda. Niliogopa kitoto kile kisije kikafa mikononi mwangu. Kila asubuhi nilimtumia uji wa pilipili manga kwa bodaboda. Akapiga simu: "Mama, sitaki uji. Nakutaka wewe." Nikamwambia nina mafua. Mafua ya siku arobaini. Chekeni tu, hata mimi najicheka.

Siku ya arobaini akanambia, "Nimeelewa. Hunipendi." Akakata simu, na tangu hapo hakupokea tena.

Nilipoyaleta hayo hapa kikundini, kiongozi wetu aliniuliza swali moja: "Aliyekwambia wewe ni nuksi alijuaje?" Wallahi nilikasirika. Ilikuwa kama kuniuliza nani kanambia jua linachoma. Lakini swali halikuniacha. Nikamwendea bibi aliyemzalisha mama yangu, yu hai bado, nikampa shikamoo nikamuuliza.

Akasema mama alivuja damu tangu alfajiri. Majirani walitaka kumbeba hospitali. Shangazi akasimama mlangoni, akasema mke wa mtu hatoki bila ruhusa ya mumewe, na mumewe yuko kazini ng'ambo ya kivuko. Baba alifika adhuhuri. Mama alikuwa keshakwenda. "Wewe ulikuwa ukilia tu, mwanangu," bibi akanambia. "Ulikosa nini?"

Shangazi sasa ni kikongwe, na mimi ndiye ninayemuogesha. Nilimuuliza maji yakiwa mkononi. Akasema, "Ilibidi apatikane mtu wa kulaumiwa." Basi. Hakuomba radhi. Nikamaliza kumuogesha, nikamvisha. Sitawadanganya kwamba nimemsamehe.

Msidhani nilipona siku ile. Kiongozi alinituma nikasimame nje kila asubuhi, nimsalimu jirani yangu akienda kazini. Nilisimama, nikasalimu. Jirani akienda, akirudi mzima. Siku moja akateguka mguu, nami nikajifungia siku tatu, nikasema si mnaona? Kiongozi akaja akagonga. "Na siku zote alizorudi mzima," akauliza, "umezitia wapi?" Nikatoka. Hata leo lile neno hunijia, nami huliuliza ushahidi wake.

Mwezi uliopita nilikwenda Mtongwe. Mjukuu wangu ana miaka minne, alijificha nyuma ya mamake hakujua mimi ni nani. Nilimweleza mwanangu yote, naye akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Mimi nilikuita mama. Shangazi yako alikuita nuksi. Ukaitika lake."

Ana haki. Ijumaa nakwenda tena, hata kama nitanyweshwa chai kwa kununiwa.

Namshukuru kiongozi wetu, na bibi aliyekubali kusema kweli, na nyinyi mliokuwa mkinisalimu mimi kwanza kila nilipoingia hapa. Hamkujua mlinipa nini.

Na la kuwaachia ni hili. Neno baya uliloambiwa utotoni, mtafute aliyelisema, umuulize alikuwa akificha nini. Muulize mapema, wangali wapo wanaokungoja.