Cheo cha Mke wa Sindano

— Wewe hapo, ukipandishwa cheo halafu ukatupwa mpakani, umepanda au umeshuka?

Swali alilimwaga Spika, mstaafu asiyewahi kumwacha mtu amalize sentensi, hata kabla hajakaa vizuri kwenye benchi la kona, mkabala na mahakama. Rufaa, aliyeshindwa kesi ya kiwanja mara tatu na kwa hiyo akajiona wakili, alikuwa keshajaziwa kikombe cha kahawa. Katikati yao fundi cherehani, waliyempachika jina la Sindano, alitulia kama mtu aliyekalia msumari. Mkewe, mpima ardhi wa serikali, alikuwa mle mahakamani akipinga uhamisho uliokuja na cheo kipya. Akishindwa, anahamia mpakani, na mama yake mzazi aliyepooza anabaki hana wa kumgeuza kitandani.

— Kupanda ni kupanda tu, alisema Rufaa. Wahenga walisema, samaki mkunje angali mbichi.

— Mke wa mwenzio ndiye samaki? aliuliza Spika.

— Nasema sheria, bwana! Ikikauka haikunjiki.

— Sheria gani? Bosi anamtafutia shemeji yake kiti, basi.

— Shemeji kitu gani! Huyu mama anajua mipaka ya viwanja vya wakubwa. Wanamhamisha yeye ili mipaka nayo ihame.

— Afadhali hiyo. Mimi nasikia kituo chenyewe hakipo. Atafika akute jiwe na bendera. Ndiyo yale, mgeni njoo, mwenyeji apone.

— Apone nini tena?

— Sijui, lakini inauma. Sindano, mbona unakunywa kikombe kitupu?

Sindano alikitazama. Kweli, kitupu. Mguu wake nao ulikuwa ukikanyaga cherehani isiyokuwepo.

Mara mkewe akavuka barabara, mkoba kwapani. Hakukaa.

— Shemeji, karibu kahawa, alisema Spika.

— Kahawa baadaye, shem. Mahakama imepumzika kidogo. Eti nilikubali! Ofisini kwetu, kabla hujapandishwa cheo, wanakupigia simu kukuuliza kama utakwenda watakakokupanga. Wanadai walinipigia, wakajibiwa ndiyo. Na mimi nimeapa kwamba sikuulizwa.

— Waongo hao! alifoka Rufaa. Aliyepiga ashtakiwe!

— Ndivyo anavyotaka wakili wangu. Aliyepiga ni yule dada wa masijala, na akionekana mwongo kazi hana. Lakini namjua, si mtu wa uongo.

Akamgeukia mumewe.

— Baba watoto, jioni ile nilikuwa chumbani namwogesha mama. Simu yangu aliipokea nani?

Spika akazamisha uso kikombeni. Rufaa akainama kufunga kamba za viatu visivyo na kamba.

Sindano alisimama.

— Mimi, mama watoto. Nilitaka wajue nimeoa mwanamke jasiri. Nikawaambia, "Huyu? Huyu hata mwezini anakwenda."