Hakuniahidi Kitu

Wapendwa, nawasalimu. Nimeomba kusimama leo kwa sababu jambo hili nimelibeba peke yangu mpaka limenichosha.

Wengi mnanifahamu, mimi ndiye fundi cherehani wa kule Mabawa. Kulikuwa na ndugu mmoja, kiongozi wa kwaya, amefiwa na mkewe. Jina silitaji. Nikawa namshonea wanawe sare, nampelekea bada, ule ugali wetu wa muhogo, na samaki. Alisema, "Ahsante dada, Mungu akuzidishie." Nami nikayasikia maneno yale nilivyotaka mwenyewe.

Jumapili moja baada ya ibada nikamwambia wazi kuwa nampenda, natamani anioe. Akavua miwani, akaifuta weee.

"Dada yangu, nakuheshimu sana. Lakini moyo wangu haupo huko. Nisamehe."

Ndugu zangu, nawaambia, hakunitukana. Afadhali angenitukana! Nikajifungia ndani, nguo za watu zikalala mezani, cherehani sikuigusa. Wateja walipouliza mbona nimekonda, nikajibu, "Yule bwana kanichezea. Kaniahidi ndoa, kisha kanitupa."

Uongo mtupu. Maneno yakafika kanisani, naye akasimamishwa kuongoza kwaya. Nilipopata habari, mnajua nilijisikiaje? Nilifurahi. Siku moja tu. Baada ya hapo hata chakula hakikupita.

Ndipo akaja mama mmoja wa jumuiya yetu, yupo humu leo, kaniletea uji. Akaningoja ninywe.

"Mwanangu, yule baba alikuahidi kwa kinywa chake?"

Nikatikisa kichwa. Nikalia kama nimefiwa.

"Haya. Kesho twende kwa wazee. Mimi nitakaa kando yako."

Nikayasema yote mbele ya wazee, na yule ndugu amekaa palepale, anatazama sakafu. Wakamrudishia nafasi yake. Akasema amenisamehe, lakini hakurudi kuimba. Mwezi uleule akahamia usharika wa Pongwe. Tukikutana sokoni namsalimu, anaitikia, anapita.

Na bado nampenda. Sitawadanganya tena.

Mama, ahsante kwa kunishika mkono siku ile. Nanyi mliozidi kuniletea vitambaa mkijua nilichofanya, Mungu awaone. Wapendwa, ukiambiwa hapana, lia, hata mwaka. Lakini aliyekukataa hajakukosea, usimtafutie kosa. Mimi nilimtafutia, na mpaka leo kwaya yetu inaimba bila sauti yake.