Miaka Mitatu Niliyojipunguzia

Ndugu zangu, amani iwe nanyi. Nimesimama mbele yenu kutoa ushuhuda. Hapa Masese wengi mnanijua kwa sare ya magereza, na wengine mnasema afande yule ana sauti kali. Leo sauti imenikimbia, mnivumilie.

Mnakumbuka nilivyokonda, mkaniuliza kama ni malaria? Haikuwa malaria. Mkuu wangu wa kazi aliniita, akaweka mezani kitambulisho changu na cheti changu cha darasa la saba. Akasema, "Afande, wewe umezaliwa mara mbili? Kitambulisho kinakupa miaka mitatu zaidi ya cheti. Una miezi miwili ya kurekebisha, la sivyo jina lako linatoka kazini."

Nina watoto wanne, na baba yao alishatutoka. Kazi hiyo ndiyo chakula chetu, na hata nyumba tunayolala ni ya kazi. Nikajibu haraka, "Afande, mwalimu alikosea kuandika."

Ndugu zangu, nawaambia ukweli: mwalimu hakukosea. Kitambulisho kilikuwa sahihi kwa sababu nilipoandikishwa, baba ndiye aliyejibu. Alisema nilizaliwa mwaka ambao mdogo wake alitahiriwa, na kwetu Mbale mwaka wa tohara hausahauliki. Lakini cheti nilikijibia mwenyewe. Nilichelewa shule kwa kumuuguza mama, nikafika darasa la saba nikiwa mrefu kuliko wote. Waliniita Shangazi. Siku ya kuandikishwa mtihani, mwalimu alipita na daftari akiuliza kila mmoja alizaliwa lini, na darasa zima linasikiliza. Nikajipunguzia miaka mitatu. Hakuna aliyecheka, na nilifurahi siku nzima, msione ajabu.

Basi nikaanza safari kati ya Jinja na Mbale. Baraza la mitihani walitaka barua ya shule, na kiapo changu mbele ya wakili, nieleze kosa lilitokeaje. Simu ikilia nashtuka, nadhani wananiita nirudishe sare. Binti yangu mdogo aliniuliza, "Mama, tunahama?" Nikamkaripia, halafu nikaenda kulia jikoni.

Shuleni wakaniambia mwalimu yule amestaafu, nimfuate kwake. Nilimkuta anawapa kuku mahindi. "Mulembe, mwalimu," nikamsalimu. Macho yake yamefifia, lakini alinitambua kwa urefu. Nikampa cheti, nikasema tarehe iliandikwa vibaya. Sikusema kosa ni la nani.

Alikisogeza karibu na pua, akasema, "Mlikuwa wengi, mwanangu, na mimi nilikuwa naandika upesi. Kama ni mkono wangu uliokutia taabuni, nisamehe."

Jamani! Mzee wa watu ananiomba mimi msamaha. Mkewe akaleta malewa, yale machipukizi ya mianzi, kwa mchuzi wa karanga, chakula ninachokipenda tangu utotoni, nikakisogeza kando. Mzee akachukua kalamu aandike kwamba kosa ni lake. Hiyo ndiyo barua niliyokuwa naitafuta, na nilijua nikiipata nimepona. Akamaliza mstari wa kwanza.

Nikaushika mkono wake. "Mwalimu, acha. Ni mimi niliyedanganya."

Nikamweleza yote, hata lile jina la Shangazi. Akaniuliza, "Kwa hiyo mimi sikukuharibia?" Nikasema hata kidogo. Akashusha pumzi, akachana karatasi. "Basi tuandike ya kweli. Na mimi niandike kwamba tulichukua maneno ya watoto bila kuwauliza wazazi."

Kwa wakili nikaapa kwamba nilidanganya nikiwa mtoto, kwa aibu. Nikarudi kwa mkuu wangu nikamwambia nilimdanganya na yeye. Akasema, "Ungeniambia siku ile." Akaniandikia onyo, likaingia kwenye faili langu, na limo mpaka leo. Lakini akanisubiri. Miezi miwili ikapita, wa tatu ukaingia, bado nashtuka kwa kila simu. Ndipo cheti kilichorekebishwa kikaja. Ndicho hiki hapa. Nitastaafu miaka mitatu mapema, na nimekubali.

Nawashukuru nyinyi mlioniombea bila kujua mnaombea nini. Namshukuru mkuu wangu, na baba mdogo aliyekuja kutoa ushahidi wa mwaka wake wa tohara, akataka na kuonyesha kovu, wakili akamzuia! Kama kuna uongo ulioutamka wewe, usimtafutie mtu mwingine wa kuubeba. Anaweza akakubali, na hapo ndipo utakapoumia zaidi.

Juzi nilimpelekea mwalimu cheti. Hakukisoma. Alivaa miwani, akanitazama, akasema, "Haya, wewe mrefu wa nyuma. Ulizaliwa lini?"

Nikasimama wima, nikamjibu kwa sauti, hata majirani wakasikia.