Sanduku la Kanda za Matanga

Roseline, Levis, wanangu, sogezeni viti, maana sauti yangu imeanza kunihama, na leo sitaki mtu anijibu mpaka nimalize.

Miaka ishirini nilibeba kamera kwenye matanga ya Rusinga na Lambwe, na kanda zote zimo katika lile sanduku la bati chini ya kitanda changu. Wewe Levis ulilifungua bila kuniuliza, ukakatakata vilio vya watu, ukaviunga upya, ukaita filamu, ukaipeleka Kisumu wageni wakakupigia makofi. Nimeiona kwenye simu ya dada yako. Nimeona jeneza la mama yenu likipanda kutoka kaburini, kanda ikienda kinyumenyume, udongo ukirudi kwenye majembe, mara tatu, mara nne, na ngoma zikidunda. Nilitapika, Levis. Ukaniambia, "Baba, hii ni sanaa, namrudisha Mama." Unamrudisha wapi? Aliyezikwa hafukuliwi kwa mchezo. Hapa kwetu hata mtoto anajua.

Lakini kinyaa kikubwa zaidi ni changu mwenyewe. Katikati ya uchafu wako nilimwona mwanamke wa Lambwe mwenye mwavuli uliovunjika. Huyo nilimbandika mimi katika kanda ya matanga ya baba yake Zadock, jirani yetu. Siku ile betri iliniishia kabla ya maziko, nikaona haya kusema, nikachukua migongo ya waombolezaji wa matanga mengine ya Lambwe, huyo mwanamke akiwemo, na udongo wa kaburi lao, nikaviunga pale. Kila Desemba Zadock huwawekea wanawe video ile, na wanamlilia mtu wasiyemjua. Ulichofanya wewe, nilikianza mimi.

Shamba la Mbita ni la Roseline, msibishane. Sanduku ni lako, Levis, na sikupi kama zawadi. Ile filamu ifute leo, dada yako akiona. Kisha peleka kila kanda kwenye boma lake, kwa mikono yako. Anzia kwa Zadock. Keti, usimwambie ukiwa mlangoni, mwambie mimi ndiye niliyemdanganya.

Maji... Asante, Roseline.

Siku yangu, Levis, kamera utaishika wewe. Beba betri mbili. Usikate. Usirudishe nyuma hata kidogo. Mungu awaweke... awaweke pamoja, nyote wawili. Na udongo ukishajaa, mwanangu... zima.