Motaboti Ambayo Mama Andwele Hajapata Kuiona

Tarehe 30 Juni 1984, baada ya miaka ishirini na miwili ya utumishi, Ndugu Tusajigwe Mbonile, mwendesha redio ya upepo wa idara yetu ya afya hapa Sumbawanga, atastaafu rasmi. Ndivyo barua yake ya kustaafu inavyomtaja. Sisi tunaofanya naye kazi tunamwita Mama Andwele, kwa jina la mwanawe wa kwanza. Watu wa Kirando na Wampembe, kule ziwani, ambao wengi wao hawajapata kuuona uso wake, wanamwita Mama Motaboti. Jina hilo la tatu ndilo lililonifanya nichukue kalamu, mimi Clemens, karani wa usafiri, maana mwenye jina hajawahi kupanda motaboti, wala kuigusa, wala kuiona hata kwa mbali.

Msomaji asidhani natania. Redio iko Sumbawanga, motaboti iko Kirando, na kati yake kuna safari ya Landrova inayomaliza siku na kuumiza mgongo. Tangu mwaka 1966 Mama Andwele ndiye anayeiita motaboti, anayeituma, anayeulizia imefika wapi na kuigombeza ikichelewa. Kila asubuhi huweka shali mabegani, huvaa visikilizio, na kuanza: "Wampembe, Wampembe, hapa Sumbawanga. Mmeamkaje? Ova." Wampembe wakimjibu bila shikamoo, huwasubiri kimya mpaka wakumbuke.

Alizaliwa Tukuyu, akaja huku mwaka 1961 akimfuata mumewe, Ndugu Ambilikile, fundi seremala wa serikali. Walijenga Izia, hapa hapa mjini, na hadi leo nyuma ya nyumba yao kuna mahindi, ulezi kidogo, na migomba michache inayopigana na upepo wetu wa Julai, kwa sababu mwenyewe amekataa katakata kuamini kwamba ndizi hazistawi hapa. Julai 1962 aliajiriwa kupokea simu. Miaka miwili baadaye alipelekwa kujifunza redio, mwanamke peke yake darasani, akarudi na cheti pamoja na sauti ambayo, kwa maneno ya marehemu Fransisko, dereva wetu wa kwanza wa motaboti, ingefika Kirando hata bila redio.

Fransisko huyo ndiye aliyeipokea motaboti ilipoletwa, nyeupe, nyembamba, injini mbili nyuma. Siku alipopanda huku mjini na Mama Andwele akamuuliza ikoje, alimchorea kwa chaki sakafuni. Mchoro ule ulidumu wiki nzima kwa sababu wafagiaji walikatazwa kuukaribia. Tangu hapo Mama Andwele akaanza kutufundisha sisi watu wa nyanda za juu matumizi ya neno. Mtumbwi ni wa kasia. Boti ni ile ya mbao yenye injini, inayobeba dagaa, magunia, kuku na watu, na huondoka ikijaa. Motaboti ni moja tu, ile ya kasi, na haisubiri kujaa. Aliyemwambia redioni kwamba anahitaji boti alijibiwa, "Boti ni ya dagaa. Sema unachotaka, baba." Ndugu Flavian, anayekuja kushika nafasi yake, ameniambia kwamba hilo lilikuwa somo lake la siku ya kwanza, kabla hata hajaonyeshwa swichi.

Neno lilitembea kuliko chombo chenyewe. Watoto wa Izia, ambao ziwa wamelisikia tu, wakaanza kumwita motaboti mwenzao anayewashinda kwa mbio. Sokoni, mama mwenye haraka alimwambia muuza mboga, "Leo uwe motaboti, mwenzangu, watoto wananisubiri." Kule Wampembe, kama anavyosimulia muuguzi wa zahanati, Bertilla, siku ya motaboti ilikuwa na maana ya siku ya chanjo, na watoto walioisikia ikinguruma walikimbilia migombani. Humu maofisini kwetu, lazima tuseme ukweli, kwa muda mrefu neno hilo lilikuwa na maana nyingine: starehe ya wakubwa wanaokuja kutembezwa ziwani. Mama Andwele aliichukia maana hiyo kwa moyo wake wote, na hakuificha chuki yake kwa mtu.

Mwaka 1979 chuki hiyo ilimtia matatani. Mafuta yalikuwa haba nchi nzima, na Kirando ilikuwa imebaki petroli ya kwenda Wampembe na kurudi, basi. Asubuhi moja Bertilla aliita: mama mmoja aitwaye Cornelia alikuwa na uchungu tangu juzi, na mtoto amekaa vibaya. Mama Andwele akamwagiza Eustaki, aliyerithi kazi ya Fransisko, awashe motaboti. Eustaki alikuwa bado amesimama kando ya redio ya Kirando pale mgeni mmoja kutoka makao makuu, aliyelala pale pale Kirando, alipotuma neno kwamba siku hiyo motaboti ni yake, anataka kukagua vijiji vya kando ya ziwa. Ofisa wetu wa wakati ule akaja mbio chumba cha redio kuamuru mgeni asubiriwe na dereva. Mama Andwele hakumpisha kwenye kiti. Alibonyeza akasema, "Eustaki, nenda Wampembe. Mgeni mkaangieni samaki, ale taratibu. Ova."

Cornelia alifikishwa Kirando kabla ya jua kutua, akajifungua salama. Mama Andwele naye akahamishiwa masijala kwa kosa la kukaidi amri. Alipanga mafaili kwa miezi mitatu bila kununa, ila kila asubuhi alisimama mlangoni mwa chumba cha redio kusikiliza kama Wampembe wamejibiwa. Kilichomrudisha ni wao wenyewe wa kule ziwani. Kila walipoitwa, kabla ya kutoa habari yoyote, waliuliza Mama yuko wapi, na walipoambiwa yuko kwenye mafaili walikaa kimya mpaka aliyekuwa kwenye kiti akatokwa jasho. Mtoto wa Cornelia ni wa kike. Hakuitwa Tusajigwe, kwa sababu, anavyosema Bertilla, pale kijijini kila mmoja alilitamka jina hilo kwa namna yake. Aliitwa Maria, kama nusu ya wasichana wa Wampembe.

Si kwamba Mama Andwele hakutaka kuiona motaboti. Aliitamani. Kila Eustaki alipopanda huku mjini alimhoji mpaka chai ikapoa: inalia vipi, inatikisika kiasi gani, ni kweli ikishika kasi inainua pua? Mwaka 1975 safari ilipatikana. Alivaa kitenge kipya, akafunga kikapu cha maandazi, akapanda Landrova akakaa mbele. Dereva alikuwa anapasha injini moto pale alipotokea mtu na mama yake aliyeungua vibaya, katolewa hospitali na anarudishwa Kirando, kwa ndugu zao, akauguzwe na mganga wa kituo, na gari lilikuwa limejaa dawa. Mama Andwele alishuka, akamweka yule mama pale pale alipokuwa amekaa yeye, akawapa na maandazi. Mimi nilikuwepo. Alirudi kwenye redio na kitenge chake kipya, akaita Kirando kuwaambia nani anakuja badala yake.

Sasa nifike kwenye miezi hii ya mwisho, iliyotuonyesha tulikuwa tunafanya kazi na mtu wa namna gani. Februari mwaka huu injini za motaboti zilikufa, ya kwanza ikifuatwa na ya pili. Baadhi ya watu wa mipango wakaona chombo kimezeeka, wakapendekeza kiondolewe kabisa na wagonjwa watumie boti za kawaida. Machi, Wampembe waliita kwa ajili ya mama mwingine mjamzito. Hatukuwa na cha kutuma. Alipakiwa kwenye boti ya dagaa, ikaondoka ilipojaa, ikafika Kirando kesho yake. Mama alipona, mtoto hakupona. Mama Andwele aliipokea habari hiyo, akajibu, "Nimesikia," na chakula chake cha mchana akakirudisha nyumbani kama kilivyokuja. Asubuhi iliyofuata alitutangazia kwamba hatakabidhi redio kwa mtu yeyote, astaafu asistaafu, mpaka asikie kwa masikio yake Wampembe wakisema motaboti imefika.

Tulidhani ni hasira, itapoa. Haikupoa. Katika kila kikao cha wafanyakazi, mwenyekiti alipofika kwenye mengineyo, Mama Andwele alisimama, akasema, "Motaboti," akakaa. Hakuongeza neno. Mara ya kwanza watu walicheka. Baada ya vikao kadhaa mwenyekiti wetu, Ndugu Adolfu, akawa analitaja mwenyewe ili apate kufunga kikao mapema, na hapo Mama Andwele alisimama hata hivyo, kumshukuru. Alisimama kwenye mkutano wa tawi. Alisimama kwenye maandalizi ya Mei Mosi. Nasikia alisimama hata kwenye harusi ya mpwa wake, ingawa mwenyewe anakanusha.

Kilichomaliza ubishi ni chai. Mwezi Mei aliwaalika Ndugu Adolfu na wajumbe wa kamati ya mipango kwenye chumba cha redio, saa mbili asubuhi, akawachemshia viazi vitamu na chai ya tangawizi. Walijua wazi wanaitiwa nini, lakini baridi ilikuwa kali na harufu ya tangawizi ilifika hadi koridoni. Wakaja. Hawakuambiwa kitu. Ilipofika zamu ya Wampembe, Mama Andwele alichomoa visikilizio, sauti ikatoka kwenye spika. Bertilla, asiyejua kwamba kuna wageni, akaanza kumtajia wagonjwa wake mmoja mmoja: mzee ambaye mkojo umeziba, mtoto anayetapika damu, mama ambaye mtoto amelala vibaya tumboni. Kila mmoja alimalizia kwa kusema, "Anasubiri motaboti." Na kila mara Mama Andwele alimjibu, "Nimesikia, mwanangu." Ndugu Adolfu aliweka kikombe chini na hakukishika tena. Wiki ile ile ombi la injini lilitiwa saini, na wajumbe walewale waliotaka chombo kiondolewe wakawa wanalifuatilia Dar es Salaam kwa simu kila kukicha.

Ilipatikana injini moja, si mbili. Ilikuja kwa treni hadi Kigoma, ikashuka na meli hadi Kirando, na Eustaki akaifunga kwa mikono yake. Alhamisi hii iliyopita, tarehe 28, Kirando walituambia kwamba motaboti imeondoka alfajiri. Hakuna aliyebaki mezani kwake. Tulijazana chumba cha redio, wengine dirishani, na Flavian amesimama nyuma ya kiti hajui mikono aiweke wapi. Mama Andwele aliita Wampembe. Kimya. Akanywa maji, akaita tena. Kimya. Wapo walioanza kutazamana, mimi nikiwa mmoja wao. Yeye alivuta shali, akaita mara ya tatu kwa sauti ile ile ya kila siku, na Bertilla akajibu huku akihema: "Shikamoo, Mama. Nilikuwa ufukweni. Motaboti imefika. Ova." Nyuma yake tuliwasikia watoto wakipiga kelele.

"Marahaba, mwanangu," alisema Mama Andwele. Kisha alivua visikilizio, akamvisha Flavian, akainuka kwenye kiti. Alilia waziwazi, na sisi tukalia naye, hata Ndugu Adolfu, ambaye sasa anasema alikuwa na mafua.

Tulikuwa tumepanga kumzawadia kochi la kupumzikia. Alikataa, akasema kukaa amekaa vya kutosha, anataka kuiona motaboti. Basi Jumatatu ijayo, Landrova ya dawa itakaposhuka Kirando, kiti cha mbele ni chake. Eustaki atampeleka mpaka Wampembe, ambako Bertilla anamngoja, na Cornelia pia, pamoja na Maria ambaye sasa ana miaka mitano na, tunaambiwa, anakimbia kama motaboti. Mama Andwele ametoa sharti moja tu. Wakiwa njiani, mgonjwa akiitisha chombo, yeye ashushwe popote penye mchanga na motaboti igeuze ikamchukue mgonjwa. Eustaki ilimbidi aape redioni, sote tukisikia, ndipo akakubali kufunga kikapu.

Mama Andwele, asante kwa kila asubuhi uliyotuamsha, asante kwa kusimama pale ambapo sisi tulikaa. Tunakutakia maisha mema huko Izia, na migomba yako izae kwa ubishi wako huo huo. Na kwa Jumatatu hiyo moja, tunawaombea watu wote wa ziwa, kutoka Kirando hadi Wampembe, waamke wazima.